Jina Zuri: kivumishi cha Kiswahili, mwamba wa Kiebrania na rangi ya Kibaski

Ukitafuta maana ya jina Zuri kwenye orodha za majina ya watoto, usishangae ukipata majibu yasiyopatana. Moja hudai ni Kiswahili, maana yake mrembo. Jingine hudai ni Kiebrania, mwamba wangu. La tatu hulitaja kama jina la Kifaransa lenye maana ya nyeupe. Msomaji mwenye haraka huchagua linalompendeza, au huyajumlisha yote akidhani jina limebarikiwa maana nyingi.

Kila jibu kati ya hayo lina msingi wake. Kosa ni kudhani yanazungumzia jina moja. Hapa tuna maneno matatu yasiyo na undugu wowote, yaliyogongana yalipoandikwa kwa herufi za Kilatini. Kwa hiyo swali la kwanza haliwi "Zuri maana yake nini", bali "huyu Zuri jina lake limetoka lugha gani". Lililo maarufu zaidi leo ni la Kiswahili, na ndilo lenye historia ya kushangaza, kwa sababu Waswahili wenyewe hawakuwa na desturi ya kuita watoto hivyo.

Kwa nini "zuri" peke yake husikika kama limekatika

Katika Kiswahili -zuri ni mzizi wa kivumishi, na mzizi huo hudai kiambishi cha ngeli: mtoto mzuri, watoto wazuri, miti mizuri, kitabu kizuri, vitabu vizuri, nyumba nzuri, majina mazuri, mahali pazuri, kuimba kuzuri. Umbo tupu, zuri, hutokea katika umoja wa ngeli ya LI-YA tu: jina zuri, ua zuri, tunda zuri, gari zuri. Hata hapo kiambishi kipo kinadharia, ila hakitamkwi. Hujitokeza pale mzizi unapokuwa mfupi mno au unapoanza kwa irabu, ndiyo maana tunasema jina jipya na jina jema, lakini jina zuri na jina refu.

Kwa hiyo kisarufi mtu hawezi kuwa "zuri". Mtu ni mzuri. Ua, tunda au jina ndilo linaloweza kuwa zuri.

Majina ya asili ya Waswahili yanaheshimu mpaka huo. Mengi ni nomino kamili: Neema, Baraka, Riziki, Subira, Furaha, Zawadi, Bahati, Tumaini. Mengine yanataja siku au msimu wa kuzaliwa, kama Juma, Hamisi na Mwanaidi. Yapo yanayotaja hali iliyomkuta mzazi, kama Shida, Tabu na Mashaka, na yapo yaliyo sentensi nzima, kama Sikujua. Sifa ikitakiwa kuwa jina hugeuzwa nomino kwanza, ndipo tunapopata Wema na Upendo. Na uzuri wa sura ulikwisha kupata majina yake kutoka Kiarabu: Jamila, Hasna, Zaina na Zena. Mtoto wa pwani aliyesifiwa kwa uzuri aliitwa Jamila.

Basi umbo tupu limetoka wapi? Maelezo yenye nguvu zaidi ni kwamba limetoka kwenye kamusi. Kamusi za Kiswahili huorodhesha vivumishi vya aina hii kwa mzizi, vikitanguliwa na kistari: -baya, -dogo, -refu, -zuri. Hivyo ndivyo alivyofanya Frederick Johnson katika kamusi yake ya 1939, na Kamusi ya Kiswahili Sanifu iliyotoka 1981 ilifuata utaratibu huohuo. Mzungumzaji hujua kwamba kistari kinamwambia "weka kiambishi hapa". Asiyeijua lugha hukiona kama alama ya uchapaji tu. Hukifuta, huanza kwa herufi kubwa, na jina limepatikana. Kosa hilo ni la sarufi, si la maana, na majina mengi mazuri duniani yamezaliwa kwa makosa makubwa kuliko hilo.

Marekani, si Mombasa

Jina hili limekulia miongoni mwa Wamarekani weusi. Katika miaka ya 1960 vuguvugu la kujitambua lilizaa hamu ya majina yasiyotokana na wamiliki wa watumwa. Mwaka 1966, California, Maulana Karenga alianzisha sikukuu ya Kwanzaa na kuzipa Nguzo Saba zake majina ya Kiswahili: Umoja, Kujichagulia, Ujima, Ujamaa, Nia, Kuumba na Imani. Mawili kati ya hayo, Nia na Imani, yakawa majina ya kawaida ya wasichana.

Kiswahili kilipendwa kwa sababu ambazo ni za kisiasa zaidi kuliko za kinasaba. Hakikuonekana kuwa mali ya kabila moja. Kilikuwa lugha ya nchi zilizokuwa zimetoka tu kupata uhuru, Tanganyika mwaka 1961 na Kenya mwaka 1963. Dar es Salaam ilikuwa makao ya wapigania uhuru wa kusini mwa Afrika, na mwaka 1974 ikawa mwenyeji wa Kongamano la Sita la Umajumui wa Afrika. Lakini wengi mno wa watu waliouzwa utumwani Marekani walitolewa Afrika Magharibi na maeneo ya Kongo na Angola, ambako Kiswahili hakikuzungumzwa. Jina la Kiswahili kwa familia ya Georgia au Ohio halikuwa urithi wa bibi. Lilikuwa tamko.

Ndiyo maana swali la kama Zuri ni "jina halisi la Kiswahili" huleta ugomvi usio na faida. Neno ni la Kiswahili kabisa. Kulifanya jina ni kazi ya Wamarekani weusi, nao wamelitumia kwa muda wa kutosha kuwa lao. Mtu anayewaambia kwamba wamekosea kwa sababu hawakuweka m- anasahihisha insha ambayo haikuandikwa.

Ulinganisho mzuri ni mwigizaji Taraji Penda Henson, aliyezaliwa Washington, D.C. mwaka 1970. Taraji ni nomino, matumaini. Penda ni kitenzi. Hayo mawili yanasimama bila msaada, kama Nia na Imani. Zuri ni la aina nyingine, mzizi uliong'olewa kwenye sentensi. Kilicholiokoa ni sauti: silabi mbili, kila moja konsonanti na irabu, na mwisho wa "i" ambao masikio ya Kiingereza huuhusisha na majina ya wasichana.

Mwisho huohuo ndio umelifanya liwe la kike zaidi Marekani. Kiswahili hakitofautishi jinsia katika vivumishi, hivyo hakuna kitu ndani ya neno kinachomzuia mvulana. Katika filamu moja maarufu ya Marekani ya mwaka 2018 mwenye jina hilo ni mzee wa kiume, jambo lililowashangaza waliolizoea kwa mabinti tu.

"Mrembo" ni tafsiri finyu

Orodha nyingi husimama kwenye urembo wa sura. Lakini -zuri husifu vitu visivyo na sura: habari nzuri, kazi nzuri, tabia nzuri, wazo zuri, hali nzuri. Husifu chochote kinachofaa na kupendeza, iwe kwa jicho, kwa ulimi au kwa akili. Mrembo ni neno jembamba zaidi, limefungamana na mwonekano na kujipamba.

Upande wa pili kuna -ema, linalogusa utu na maadili. Mtu mzuri anaweza kuwa mwenye sura nzuri tu. Mtu mwema ni mwenye moyo mzuri. Tofauti inaonekana wazi kwenye neno jina lenyewe. Jina zuri ni linalopendeza kusikika. Jina jema ni sifa njema mtu aliyojijengea, na ndilo linalotajwa katika methali "jina jema hung'aa gizani". Wahenga hawakuuamini uzuri peke yake. Walisema pia "uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti". Mzazi anayetaka kusifu tabia kuliko sura ana Wema au Neema mkononi. Anayetaka sifa ya jumla, isiyobagua sura na tabia, hajakosea kuchagua Zuri.

Mwamba wangu

Zuri wa Kiebrania ana historia ndefu zaidi, ila ni wachache. Neno ni tsur, mwamba, pamoja na kiambishi cha mwisho -i chenye maana ya "wangu". Tsuri hutokea katika Zaburi ya 18 na ya 19, pale mwimbaji anapomwita Mungu mwamba wake. Ndani ya majina ya watu sehemu hiyo huunganishwa na jina la Mungu. Hesabu 3:35 inamtaja mkuu wa jamaa za Merari ambaye Biblia za Kiingereza humwandika Zuriel, yaani Mungu ni mwamba wangu. Hesabu 1:6 inamtaja baba wa Shelumieli wa kabila la Simeoni, Zurishaddai, Mwenyezi ni mwamba wangu.

Wote wawili ni wanaume, na hilo ni muhimu kwa sababu ya kilichotokea baadaye. Biblia za Kihispania huandika Zurisadai, na nchini Mexico jina hilo hupewa wasichana, kisha hukatwa kuwa Zuri. Huyo Zuri hana uhusiano wowote na Kiswahili. Ukikutana na Zuri mwenye ukoo wa Kihispania, muulize jina lake kamili kabla ya kumweleza maana ya "mzuri".

Hapo hapo kuna mtego wa Suri, kwa S. Suri ni namna ya kutamka Sara miongoni mwa Wayahudi wanaozungumza Kiyidishi, na Sara hufasiriwa kuwa binti mfalme. Katika Kiajemi, suri ni waridi jekundu. Ukiona orodha inayosema Zuri ni "binti mfalme" au "waridi", mwandishi amechukua maana ya Suri akaibandika juu ya Zuri.

Zuri wa tatu ni wa Kibaski, lugha ya kaskazini mwa Hispania na pembe ya kusini-magharibi ya Ufaransa, isiyo na undugu uliothibitishwa na lugha nyingine yoyote. Zuri ni nyeupe tu. Ardo zuri ni divai nyeupe. Jina la kike lililojengwa juu yake ni Zuriñe. Sehemu ya nchi ya Wabaski imo ndani ya Ufaransa, na hapo ndipo "jina la Kifaransa" linapoweza kuzuka katika orodha. Kifaransa chenyewe hakina neno hilo.

Sikiliza kabla ya kusoma

Matamshi hutenganisha asili hizi haraka kuliko kamusi. Katika Kiswahili mkazo uko kwenye silabi ya kwanza, ZU-ri, kwa sababu ndiyo ya pili kutoka mwisho. Z hutikisa koo, na r hugongwa mara moja kwa ncha ya ulimi. Mmarekani atahifadhi z na mkazo, lakini r yake huviringika bila kugusa ufizi, na u huweza kufupishwa. Mwebrania huanza kwa "ts". Mbaski hutamka herufi z kama aina ya s, hivyo jina lake husikika karibu na "suri". Mmexico pia hutamka s. Kwa hiyo mtu akijitambulisha kwa z inayotikisa koo, karibu kila mara ni Zuri wa Kiswahili au wa Marekani. Ukisikia s, fikiria Zurisadai au Kibaski.

Kipimo hiki hushindwa katika hali moja: watoto wa wahamiaji waliokulia Marekani, ambao hutamka jina lao kwa lafudhi ya shuleni hata kama nyumbani lilianza kwa s. Hapo ni familia tu inayoweza kujibu.

Familia za Kiislamu huuliza jambo jingine. Kiarabu kina zur, uongo, hasa wa shahidi. Wasomaji wa Kurani wanaikuta katika Sura al-Furqan, aya ya 72, inayowasifu wasioshuhudia zur, na hadithi za madhambi makubwa huitaja shahadatu zur, ushahidi wa uongo. Neno hilo lina u ndefu na halina uhusiano wowote na kivumishi cha Kiswahili. Halikuchangia chochote katika jina hili. Anayelipenda jina halazimiki kuliacha kwa ajili hiyo, lakini ni vyema ajue kwamba sikio la mwenye elimu ya Kiarabu linaweza kusita mara ya kwanza.

Kuna pia majirani wa sauti wasio ndugu. Zuhura ni jina la sayari angavu ya alfajiri na jioni, kutoka Kiarabu. Zahra na Zahara, ambayo baadhi ya orodha huyaita ya Kiswahili yenye maana ya ua, ni ya Kiarabu pia. Kiswahili cha ua ni ua.

Namna ya kuhakiki bila kudanganywa

Njia ifuatayo inafaa kwa jina lolote geni. Anza na maandishi ya asili ya lugha inayodaiwa, si ya Kilatini. Zuri wa Kiebrania huacha kufanana na wengine pale tu unapoona herufi tsade mwanzoni. Kisha tafuta neno katika kamusi ya lugha yenyewe kwa lugha yenyewe. Kamusi ya wageni hutoa neno moja la kigeni kwa mzizi wenye matumizi kumi, na ndivyo -zuri lilivyosinyaa kuwa "mrembo". Angalia aina ya neno na kama linaweza kusimama peke yake. Halafu uliza kama wenye lugha hiyo hulitumia kama jina la mtu, na tangu lini. Neno kuwepo katika lugha si ushahidi kwamba ni jina katika lugha hiyo. Huu ndio mwanya ambamo orodha nyingi huanguka.

Takwimu husaidia, ila zina mipaka. Mamlaka ya Hifadhi ya Jamii ya Marekani hutoa kila mwaka idadi ya watoto waliopewa kila jina, ikirudi nyuma hadi 1880. Zuri limo sasa miongoni mwa majina 1000 ya juu ya wasichana. Lakini jina lililopewa watoto wasiofika 5 wa jinsia moja kwa mwaka haliorodheshwi, kulinda faragha, kwa hiyo mwaka jina linapoonekana mara ya kwanza kwenye orodha si lazima uwe mwaka lilipozaliwa. Kila tahajia huhesabiwa kivyake: Zuri, Zurie na Zury ni mistari mitatu. Na kubwa zaidi, takwimu hizo zinahesabu herufi tu. Haziwezi kukuambia Zuri yupi ni wa Kwanzaa na yupi ni kifupi cha Zurisadai.

Likirudi nyumbani

Jina hili sasa hupewa watoto Afrika Mashariki pia, hasa mijini, na huko linakutana na sarufi lililoikimbia. Kwa upatanisho, mwenye jina ni mtu: Zuri amefika, Zuri wetu ni mrefu, Zuri mdogo na Zuri mkubwa. Usiseme "Zuri limefika" isipokuwa unazungumzia jina lenyewe. Ugumu uko kwenye usemi wa kila siku. "Jina lake zuri" humaanisha kwamba jina linapendeza, na msikilizaji atasubiri umtajie jina hilo. Sema "anaitwa Zuri". Vilevile "gari zuri" si gari la Zuri, na kwa maandishi ni herufi kubwa pekee inayotofautisha "duka zuri" na "duka Zuri", jambo ambalo ujumbe wa simu ulioandikwa wote kwa herufi ndogo huliharibu. Kiunganishi cha kumiliki huondoa utata: duka la Zuri.

Utani wa shuleni nao unatabirika: "Zuri mbaya", "Zuri si mzuri". Si mkali kuliko ule anaoupata mtoto anayeitwa Shida.

Jambo la kuangaliwa zaidi ni usajili. Karani anayejua sarufi yake anaweza kusahihisha kwa nia njema akaandika Mzuri au Nzuri, na anayeandika kwa kusikia anaweza kuweka Zuhura au Suri. Andika jina kwa herufi kubwa zilizotengana kwenye fomu, Z-U-R-I, na usome kila hati kabla ya kuipokea, kuanzia tangazo la kuzaliwa la hospitali, kwa sababu hati zinazofuata hunakili ile ya kwanza pamoja na kosa lake.